Mbwa ametokwa na kinyama chekundu kwenye pembe ya jicho: kikatwe au kirudishwe?

Mkazi wa Raskazone
Habari zenu, wafugaji wenzangu. Nina mbwa chotara wa buldogi ambaye hajatimiza mwaka mmoja. Juzi asubuhi niliona kinyama chekundu, laini, cha ukubwa wa punje ya haragwe, kimechomoza upande wa pua kwenye jicho lake la kushoto. Anakula vizuri, ila jicho linamtoka machozi na analisugua kwa mguu. Jirani anasema kikatwe tu, na dukani nimeuziwa matone yenye steroidi. Naombeni ushauri kabla sijaamua.

Daktari wa mifugo, Tanga
Pole, ndugu. Bila kumwona siwezi kuthibitisha, lakini maelezo yako yanafanana sana na tezi ya kope la tatu iliyochomoka mahali pake, hali inayowapata zaidi mbwa wachanga, hasa buldogi, koka spanieli na beagle. Mbwa ana kope la tatu, yaani utando unaojificha kwenye pembe ya ndani ya jicho na kupita juu yake kulisafisha na kulilinda, na chini ya utando huo kuna tezi inayotengeneza takriban theluthi moja ya machozi, pengine hata zaidi. Kwa sababu hiyo siungi mkono kuikata. Inayofaa ni operesheni ndogo, chini ya dawa ya usingizi, ya kuirudisha tezi na kuishonea ndani, ingawa mara nyingine huchomoka tena, na jicho la pili nalo linaweza kufuata baadaye.

Matone hayo usiyatie kwanza. Mbwa anayejisugua anaweza kuwa ameshajikwaruza kioo cha jicho, na steroidi huzuia kidonda kupona na inaweza kukizidisha hadi jicho litoboke. Daktari atatia rangi maalumu inayong'aa kijani penye mkwaruzo, kisha atapima machozi kwa kikaratasi kinachowekwa kwenye kope: kikilowa milimita 15 au zaidi kwa dakika 1, ni kawaida.

Mfugaji wa Pongwe
Naunga mkono. Mbwa wetu wa zamani alikatwa tezi hiyo na mtu aliyetuhakikishia kuwa haina kazi, na kweli jicho lilipendeza kwa muda. Baadaye lilikauka, likawa halina mng'ao, na kila asubuhi tulimkuta na tongotongo nzito za kijani zilizogandisha kope, ikabidi atiwe dawa ya kulainisha jicho hadi alipokufa kwa uzee. Kukata ni rahisi siku hiyo tu.

Mama wa Chumbageni
Wangu hana kinyama, bali utando mweupe umefunika nusu ya macho yote mawili, naye amekonda. Je, ni ugonjwa huohuo?

Daktari wa mifugo, Tanga
Hapana, mama. Utando ukijitokeza macho yote mawili kwa mbwa aliyekonda, mara nyingi chanzo kiko mwilini: homa, upungufu wa maji, minyoo, au magonjwa ya kupe, ambayo huku kwetu hatuyakosi. Mpeleke apimwe damu leo au kesho. Ingekuwa jicho moja, lenye mboni ndogo na kope la juu lililolegea, ningeshuku mishipa ya fahamu.

Kwako ndugu wa Raskazone, mvishe kola pana ya shingoni asijisugue, safisha jicho kwa maji ya chumvi ya hospitali, na umlete mapema, kwa kuwa tezi iliyokaa nje muda mrefu huvimba na kukauka, ikawa vigumu kuirudisha.