Konbifu ya kipande kwenye sufuria ya umeme ya kupika polepole: maji kiasi gani, saa ngapi, na chumvi inapunguzwaje?

JikoTulivu

Habari wakuu. Nina konbifu ya kipande, yaani kidari cha ng'ombe cha kilo 1.8 ambacho tayari kimekaa kwenye maji ya chumvi na viungo, kimefungwa kwenye mfuko pamoja na hayo maji. Nataka kukipikia kwenye sufuria ya umeme ya kupika polepole, ya lita 6.

Maelekezo ninayoyasoma yanapingana. Huyu anasema saa 5 kwa moto mkubwa, yule saa 10 kwa moto mdogo. Huyu anafunika nyama yote kwa maji, yule anaweka kikombe kimoja tu. Naomba wanaoijua nyama hii wanieleze: chumvi naipunguzaje kabla ya kupika, maji yawe kiasi gani, na nitajuaje kwamba imeiva kweli? Pia kwa nini mara nyingi hutoka ngumu kama mpira hata baada ya saa nyingi?

---

FundiKidari

Mkuu, anza na chumvi, maana ikishapita hatua ya kupika ni vigumu kuirekebisha.

Toa nyama mfukoni na umwage yale maji yote. Usiyapikie hata kidogo. Suuza nyama kwenye bakuli la maji baridi, kisha iloweke kwenye maji mengine baridi ndani ya friji kwa saa 1 hadi 2, ukibadilisha maji mara moja katikati. Halafu fanya jambo ambalo wengi hawalifanyi: kata kipande kidogo pembeni, kichemshe kwenye maji matupu dakika chache, uonje. Kama bado ni chumvi kali, loweka saa nyingine. Ukionja hivyo huhitaji kubahatisha. Usiiache ilowe usiku kucha bila kuonja, kwa sababu maji hayachagui: yanatoa chumvi pamoja na ladha ya viungo uliyoilipia.

Sasa saa. Kwenye sufuria nyingi za aina hii, moto mdogo na moto mkubwa huishia kwenye joto linalokaribiana, chini kidogo ya kuchemka. Tofauti ni muda wa kufika huko. Kwa kilo 1.8, moto mdogo kadiria saa 8 hadi 10, moto mkubwa saa 5 hadi 6. Mimi nakushauri moto mdogo. Kidari ni msuli unaobeba uzito wa mnyama, umejaa kolajeni (zile tishu ngumu zinazoshikilia misuli), na kolajeni haiyeyuki kuwa jelatini laini kwa haraka. Huanza taratibu nyama ikipita 70°C hivi, na inataka saa kadhaa kwenye joto hilo na zaidi.

Hapo ndipo lilipo jibu la ule mpira. Nyama hii ikifika 63°C ndani na kupumzishwa kidogo ni salama kuliwa, lakini haitafuniki. Ikiendelea kupanda, nyuzi zinajikunja na kukamua maji wakati kolajeni bado haijayeyuka, kwa hiyo katikati ya safari nyama inakuwa ngumu kuliko ilivyoanza. Mtu anafungua, anachoma uma, anakuta ngumu, anadhani ameipitiliza, anazima. Kumbe alikuwa bado. Nyama isiyoiva vizuri inavutika na kurudi ukiibonyeza. Iliyopitiliza inamomonyoka, nyuzi zinaachana na kinywani ni kavu. Ukikuta inavutika, rudisha mfuniko, ipe saa 1 nyingine, ndipo upime tena.

Kipimo chenyewe: choma uma wa meno mawili kwenye sehemu nene zaidi, ujaribu kuuzungusha. Ukizunguka bila kubishana, imeiva. Kama una kipimajoto, lenga 90 hadi 95°C katikati.

Maji yafike nusu mpaka theluthi mbili ya urefu wa nyama, kama ml 600 hivi. Mfuniko hauruhusu mvuke kutoka, na nyama yenyewe itatoa maji mengi. Upande wa mafuta uwe juu, ufunike ile sehemu iliyo nje ya maji isikauke. Na usifunue funue. Kila unapoinua mfuniko ongeza dakika 20 hadi 30 kwenye hesabu yako, kwa sababu sufuria hizi hupasha polepole mno kurudisha joto lililotoka.

La mwisho: kama nyama imeganda, iyeyushe kwenye friji kwanza, siku nzima au zaidi. Ukiiweka sufuriani ikiwa barafu itakaa muda mrefu kati ya 4 na 60°C, na hicho ndicho kiwango ambacho bakteria huzaliana.

---

Kisu_Kikali

Namuunga mkono FundiKidari kwa karibu yote, ila kwenye maji hatukubaliani.

Ml 600 zinafaa nyama ya kawaida. Hii ina chumvi, na chumvi inatoka kwenye nyama kwenda kwenye maji mpaka pande zote mbili zikaribiane. Tuchukue mfano: nyama yenye chumvi asilimia 2.5, kilo 1.8, imebeba gramu 45. Ukiipika na ml 600 za maji, zikisambaa sawasawa utabaki na kama asilimia 1.9 ndani ya nyama. Ukiipika na lita 2, inashuka kuelekea 1.2. Hiyo ni tofauti ya nyama unayoila kwa raha na nyama inayokupeleka kwenye mtungi wa maji. Kwa hiyo funika nyama yote, maji yapite juu yake kwa sentimita 1. Kilo 1.8 na lita 2 ni kama theluthi mbili za sufuria ya lita 6, kiasi ambacho sufuria hizi hufanya kazi vizuri.

Kama umeloweka na kuonja mpaka ikakaa sawa, basi ml 600 zinatosha na mchuzi utakuwa na ladha nzito zaidi. Chagua njia moja ya kuondoa chumvi. Ukiloweka sana kisha ukapikia maji mengi, utapata nyama iliyopooza. Na vyovyote iwavyo usiongeze chumvi mpaka umeonja mwishoni.

Kuhusu kiazi kinachotupwa ndani "kifyonze chumvi": kiazi kinafyonza maji ya chumvi, chumvi na maji kwa pamoja, kwa hiyo ukali wa mchuzi uliobaki haubadiliki. Nyama ikitoka kali, ikate vipande na uviweke kwenye maji ya moto yasiyo na chumvi dakika 10 hadi 15. Hilo linasaidia.

Jambo jingine la kukutoa wasiwasi: itatoka na rangi ya waridi hata ikiiva kabisa. Ni kazi ya nitriti, kemikali ya kuhifadhia nyama iliyokuwa kwenye maji ya chumvi, wala si dalili ya ubichi. Ikitoka ya kijivu kote, maana yake ilihifadhiwa kwa chumvi ya kawaida tu.

Ukataji nao huharibu nyama nyingi nzuri. Kabla ya kupika, tazama nyuzi zinaelekea wapi na ukate kona ndogo kwa kukingama nyuzi, iwe alama yako, kwa sababu ikiiva hazionekani vizuri. Ikitoka, ipumzishe dakika 15 hadi 20 ndipo ukate vipande vya milimita 5 au 6, kisu kikikatiza nyuzi. Kidari kizima kina sehemu mbili, ile bapa yenye mafuta machache na ile nene yenye mafuta mengi, na nyuzi zake haziendi upande mmoja. Zitenganishe kwenye tabaka la mafuta lililo katikati, kisha kata kila moja kivyake.

---

JikoTulivu

Ahsanteni sana. Nitaloweka na kuonja, kisha nipike moto mdogo. Maswali mawili ya kumalizia: viazi, karoti na kabichi viingie saa ngapi? Na kwa siku nyingine nikitaka kulaza nyama mwenyewe kwenye maji ya chumvi, vipimo vyake vikoje?

---

MamaVyungu

Mwanangu, la mboga niachie mimi.

Kwenye sufuria hizi viazi na karoti huchelewa kuliko nyama, watu wengi hawaamini. Viweke chini kabisa na pembeni, karibu na kuta zenye moto, nyama ikae juu yake. Ukipika saa 8 hadi 10 kwa moto mdogo, kata vipande vikubwa vya sentimita 5 na uviweke tangu mwanzo. Ukivikata vidogo vitapondeka. Kwenye sufuria ya lita 6 usijaze mpaka juu. Kama nafasi ni ndogo, punguza mboga, usibane nyama.

Kabichi ni jambo jingine. Ikikaa saa 8 inatoa harufu nzito na kugeuka uji. Ikate robo robo bila kutoa moyo wake, maana huo ndio unaoshika majani, uiweke saa 1 hadi 1 na nusu ya mwisho, ukipandisha kwenye moto mkubwa. Njia ninayoipenda zaidi: toa nyama ipumzike, chota mchuzi wake kwenye sufuria ya kawaida, chemshia kabichi humo jikoni dakika 12 hadi 15. Onja mchuzi kwanza. Ukiwa mkali ongeza maji.

Siki na ndimu weka mwishoni. Asidi inazuia viazi kulainika, vinabaki na ugumu wa katikati hata upike mpaka usiku.

---

FundiKidari

Kuhusu kulaza mwenyewe: pima kwa mzani, si kwa kijiko. Chukua uzito wa nyama na maji kwa pamoja, kisha kokotoa kila kitu kutoka hapo. Nyama kilo 2 na maji lita 2 ni kilo 4. Weka chumvi gramu 90, sukari gramu 40, na chumvi ya nitriti gramu 10, ile mchanganyiko wenye nitriti asilimia 6.25. Kanuni yake ni gramu 2.5 kwa kila kilo ya nyama na maji. Viungo: kijiko kikubwa kimoja kimoja cha mbegu za haradali, mbegu za giligilani na pilipili manga nzima, karafuu 6, kipande cha mdalasini na tangawizi kidogo.

Hiyo chumvi ya nitriti ni lazima uijue vizuri. Hupakwa rangi ya waridi makusudi ili isichanganywe na ya mezani, lakini chumvi ya mawe ya waridi ni kitu kingine kabisa na haina nitriti. Pia kuna aina yenye nitrati, ya nyama zinazokaushwa miezi mingi. Hiyo si ya kazi hii. Nitriti ikizidi ni sumu, kwa hiyo usiongeze "kidogo tu", na kama huna mzani unaoaminika kwa gramu chache, usiitumie.

Chemsha maji na viungo, chumvi ziyeyuke, yapoe kabisa mpaka ubaridi wa friji ndipo nyama iingie. Tumia chombo cha kioo au plastiki ya chakula, si alumini. Nyama izame yote, ikae kwenye friji chini ya 4°C na uigeuze kila siku. Kipande cha unene wa sentimita 5 kinataka siku 7, kinene zaidi siku 10. Ukikata baada ya kupika ukaona waridi kando na kijivu katikati, hukuipa siku za kutosha. Kwa vipimo hivi haitazidi chumvi hata ukiiongeza siku mbili, kwa sababu chumvi iliyomo ndiyo hiyo hiyo, na kabla ya kupika inatosha kuisuuza tu.

---

Kisu_Kikali

Naongeza la kiporo, kwa kuwa kilo 1.8 haziishi mara moja. Usiache nyama ipoe humo sufuriani, kile chungu kinashika joto saa nyingi. Itoe, iweke kwenye chombo kipana kisicho na kina pamoja na mchuzi kidogo, iingie friji ndani ya saa 2. Itakaa siku 3 hadi 4. Kwenye friza miezi 2 au 3. Kupasha moto tumia jiko la kawaida mpaka 74°C. Sufuria ya kupika polepole haifai kupashia, inachelewa mno kulipita lile eneo la bakteria alilolitaja FundiKidari. Na ikishalala kwenye friji inakatika vipande vyembamba zaidi kuliko ikiwa ya moto, kwa hiyo ya kuweka kwenye mkate ikate siku ya pili.