Fidia ya ardhi: ihesabiwe kwa bei ya siku ya uthamini, au ya siku pesa inapoingia mkononi?

Wadau, serikali ikitwaa ardhi kwa ajili ya barabara, reli au bwawa, ubishi wetu huwa ni ule ule: wamepunjwa, hawakupunjwa. Mimi naona tunakosea mahali pa kubishania.

Kwa maandishi, sheria si mbaya. Sheria ya Ardhi ya Tanzania ya 1999 inataka fidia kamili, ya haki na inayolipwa kwa wakati, na haiishii kwenye thamani ya ardhi na nyumba. Kuna posho ya usumbufu, ya usafiri, ya makazi, na faida iliyopotea. Ibara ya 40 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inadai malipo ya haki, kamili na ya haraka. Uganda wamekwenda mbali zaidi: Katiba yao ya 1995, ibara ya 26, inasema mtu alipwe kabla mali yake haijachukuliwa, na mwaka 2015 Mahakama ya Juu ikakazia hapo hapo.

Kinachomuumiza mtu ni tarehe. Mthamini anapita, anahesabu miti na vyumba, anapiga picha. Kuanzia siku hiyo mwenye shamba anaambiwa asipande mazao ya kudumu wala asimalizie nyumba. Nani atampokelea ardhi hiyo kama dhamana ya mkopo? Mnunuzi ndiyo kabisa hapatikani. Malipo yakichelewa mwaka au miwili, yanakuja kwa bei ya siku ile ya mthamini, huku viwanja anakotakiwa kuhamia vimeshapanda. Ndiyo, Tanzania sheria inatambua riba ya ucheleweshaji. Lakini anayepaswa kuifuatilia ni mkulima asiye na wakili, na mara nyingi ameshasaini.

Halafu kuna jambo ambalo wengi hawaligusi: mradi wenyewe unapandisha bei. Kanuni iliyozoeleka kwenye uthamini ni kwamba ongezeko linaloletwa na mradi halihesabiwi, kwa sababu mlipakodi asinunue thamani aliyoitengeneza yeye. Hoja hiyo ina uzito, siikatai. Ila angalieni inavyofanya kazi. Watu wawili wamepakana. Barabara inapita kwa mmoja na kumwachia mwenzake mbele ya lami. Huyu wa pili anabaki na ardhi yake pamoja na bei mpya yote. Yule aliyepisha mradi anakwenda kutafuta kiwanja kwenye soko hilo hilo na bei ya zamani mfukoni. Kama hatuko tayari kumtoza jirani lile ongezeko, kwa uso gani tunamnyima aliyehamishwa?

India, kwa sheria yao ya 2013, waliamua kuongeza tu: bei ya soko vijijini inaweza kuzidishwa hadi mara 2, kisha fidia inaongezwa asilimia 100 juu yake. Mimi naona ni rungu. Linamlipa kwa kipimo kimoja mwenye ardhi aliyoiacha pori kama akiba na anayelala na kulima papo hapo.

Najua jibu la upande wa pili: wajanja. Tetesi za mradi zikisikika, miche inapandwa usiku na vibanda vinaota. Ni kweli, na ndiyo maana lazima iwepo tarehe ya kufunga orodha ya mali. Lakini kufunga orodha ni jambo moja, kufunga bei ni jingine. Miti ibaki ile ile iliyohesabiwa, bei iende na wakati. Kenya mwaka 2019 walipitisha sheria ya kutumia faharasa ya thamani ya ardhi, yaani kipimo rasmi cha bei za ardhi kwa kila eneo, ili bei zisitoke hewani. Nzuri, ila faharasa hula data za mauzo yaliyosajiliwa, na sehemu ambako watu huandika bei pungufu kukwepa kodi, itameza uongo huo na kumrudishia mwathirika kama fidia.

Pendekezo langu: miezi 6 ikipita bila malipo, uthamini ufe. Serikali irudie kwa gharama yake au imwachie mtu ardhi yake aendelee kujenga. Mnaosema hilo litaua miradi, nielezeni: kama pesa ya fidia haipo, mthamini alitumwa kufanya nini?