Mjadala: Wazazi tuchange ili mwalimu alipwe kwa kila A?

Mleta mada, Moshi
Wakuu, habari za jioni. Kwenye kikao cha wazazi cha sekondari moja ya kata hapa kwetu limeletwa pendekezo: kila mzazi wa kidato cha nne atoe 15,000, matokeo ya NECTA yakitoka mwalimu achukue 10,000 kwa kila A ya somo lake. Wengi walipiga makofi. Mimi napinga.

Sipingi mwalimu kulipwa. Anayesema ualimu ni wito aende dukani akachukue unga kwa wito. Tena ushahidi wa hapa nchini upo. Mwaka 2013 na 2014 mpango wa KiuFunza wa shirika la Twaweza ulijaribiwa kwenye shule za msingi 350: nyingine zikapewa ruzuku, nyingine bonasi ya walimu, nyingine vyote, nyingine hazikupewa kitu. Bonasi ilikuwa 5,000 kwa kila mtoto aliyefaulu somo, na 1,000 kwa mwalimu mkuu. Ruzuku peke yake haikuinua ufaulu. Vyote viwili pamoja viliinua.

Lakini pale walilipia kusoma na kuhesabu, darasa la kwanza hadi la tatu. Sisi tunataka kulipia A! Mwalimu wa hesabu ana watoto 90, wa kupata A labda watano. Hela inamwambia akae na hao watano jioni. Wale wa F, ambao ndio wengi (na wangu yumo), watachangia posho isiyowahusu.

Mwalimu, Kibosho
Ndugu, unaongea kama hujawahi kusahihisha madaftari 90 kwa tochi ya simu. Kuchagua watoto tunachagua hata sasa bila senti, maana muda hautoshi. Mgumu, yaani mpagazi wa watalii, anapanda mlima Kilimanjaro na kilo 20 akijua kuna tipu mwishoni, mbona hamsemi inamharibu? Ikifika kwa mwalimu ndio mnakumbuka moyo wa kujitolea.

Mama wa watatu, Majengo
Shikamoo mwalimu. Hela mnastahili, mimi naogopa ahadi. Mwaka 1973 huko Marekani watafiti walichukua watoto wa chekechea wanaopenda kuchora. Walioahidiwa cheti wakachora, ila siku za baadaye hamu ya kuchora ikapungua. Waliopewa cheti kwa kushtukizwa, hamu ilibaki palepale. Kwa nini tusisubiri matokeo, ndipo tuwashukuru walimu wote, hadi wa michezo?

Mwalimu, Kibosho
Marahaba mama. Shukrani ya kushtukiza mwaka wa kwanza sawa. Mwaka wa pili kila mtu anaisubiri, imeshakuwa ahadi.

Mleta mada, Moshi
Hapo mwalimu kanibana, nakubali. Ila mfano wa mgumu unanisaidia mimi: tipu yake haihesabiwi kwa wageni waliofika kileleni tu, hata aliyerudishwa kwa kuumwa kichwa mzigo wake ulibebwa. Kama lazima tulipe, tulipe kila mtoto anayepanda daraja kutoka mtihani wa Moko (ule wa majaribio kabla ya NECTA): F kwenda D, 10,000, C kwenda A, ileile. Usahihishaji wa Moko usiwe wa mwalimu huyohuyo, maana atawapa F wote makusudi ili wapande vizuri Novemba.

Kikao ni Jumamosi. Na bado hatujaambiwa hela zitakaa kwa nani.