Picha zinasema tulimwaga zege kabla saruji haijashuka kwenye boti

Fundi_Kibirizi

Wakuu, heshima kwenu. Nasimamia ujenzi wa vyoo vya shule katika kijiji kimoja cha mwambao, kaskazini ya Gombe, ambako ukisimama juu ya msingi milima ya Burundi unaiona kwa macho makavu. Vifaa vyetu vyote, kuanzia saruji hadi misumari, vinapanda boti Kibirizi.

Mfadhili anataka kila hatua ipigwe picha yenye saa na mahali. Tumepiga. Kizaazaa ni siku ya mkanda wa msingi. Picha ya nondo zikiwa zimefungwa, ringi kila sentimita 20, inasoma 10:15. Picha ya toroli la kwanza la zege inasoma 09:40. Na hati ya mzigo, iliyosainiwa na nahodha pamoja na mjumbe wa kamati ya ujenzi, inasema saruji ilishushwa saa tatu na dakika hamsini asubuhi. Kwa hiyo mkaguzi, akiwa ofisini kwake, anaona tumemwaga zege dakika 10 kabla saruji haijagusa nchi kavu, kisha nondo tukazifunga baadaye ndani ya zege lenyewe! Daftari la saiti linasema zege lilianza saa nne na dakika arobaini. Simu ni moja, ilikuwa mfukoni mwangu kutwa nzima, na hakuna aliyegusa saa yake.

Malipo ya awamu ya pili yamesimama na mafundi wananitolea macho mimi. Nafanyaje? Na niweke programu gani ili jambo hili lisijirudie?

Ujiji_Moja

Pole sana mkuu. Weka ile app ya kugonga muhuri kwenye picha, inayotoa karamani kadogo pembeni na jina la kijiji. Wakaguzi wanaipenda. Mimi nasimamia visima na sijawahi kurudishiwa picha hata moja.

Mpimaji_wa_Tabora

Ndugu yangu wa Ujiji, samahani, hiyo app haimsaidii. Muhuri unaoonekana juu ya picha mara nyingi unachukua saa ya simu. Saa ya simu ikikosea, muhuri nao unakosea, tena kwa maandishi makubwa ya njano. Mimi kazi yangu ni mipaka ya mashamba huku Tabora, picha zangu zinasomwa na watu wanaogombea ardhi, na hao hawakuachii hata dakika moja.

Kaka wa Kibirizi, simu yako ilishika mnara wa Burundi. Tanzania tuko saa tatu mbele ya UTC, yaani saa ya pamoja ya dunia ambayo nchi zote hupimia saa zao. Burundi wako saa mbili, na ng'ambo ya ziwa, Uvira na Kalemie za Kongo, hivyohivyo. Simu iliyoachwa ijipangie saa yenyewe, ikijisajili kwenye mtandao wa jirani, inapokea na saa ya jirani. Ukizunguka upande wa pili wa jengo ikashika mnara wa kwetu, inarudi. Ndiyo maana nondo zina saa sahihi na toroli limerudi nyuma saa moja kamili. 09:40 ya Burundi ni 10:40 ya Kigoma, na daftari lako linasema hivyohivyo.

Sasa njia ya kulithibitisha. Picha iliyopigwa lokesheni ya kamera ikiwa imewashwa hubeba taarifa ndani ya faili, zinaitwa EXIF. Humo kuna saa mbili tofauti. Moja ni saa ya simu, hiyo ndiyo iliyokuchongea. Nyingine ni saa ya GPS, na hii huandikwa kwa UTC, haijali umeshika mnara wa nani, kwa sababu inatoka kwenye setilaiti zenye saa za atomiki, kilomita zaidi ya 20,000 juu yetu. Chukua faili asilia, liingize kwenye kompyuta, lifungue kwa ExifTool, programu ya kusoma EXIF, ni ya bure. Tafuta mstari wa tarehe na saa ya GPS wenye herufi Z mwishoni, maana yake ni UTC. Ukikuta 07:40, jumlisha tatu, unapata 10:40. Simu nyingi za karibuni huandika pia tofauti ya saa na UTC, kwa sababu toleo la EXIF la mwaka 2016 liliiwekea nafasi. Kwenye picha ya toroli utakuta +02:00, kwenye ya nondo +03:00. Mkaguzi akiona namba hizo mbili kwa siku moja, kwenye simu moja, hadithi nzima ameipata.

Nimesema faili asilia. Picha iliyopita WhatsApp kama picha ya kawaida imevuliwa EXIF yote. Kama ni lazima itumwe huko, itume kama dokumenti.

Na upande wa mahali usiache kuangalia alama ya kutoa. Kigoma mjini ni kama -4.88, 29.63. Niliwahi kupokea jedwali ambalo mtu aliona kile kistari mbele ya namba ni uchafu akakifuta. Bila kistari, Kigoma inahamia Sudan Kusini. Vilevile akija mtu na ramani za zamani zilizochorwa kwa Arc 1960, mfumo wa zamani wa kupimia mahali, nukta za simu, ambazo ni WGS 84, mfumo unaotumiwa na GPS, zitakaa pembeni kwa karibu mita 300. Hapo watu hushikana mashati bure.

Kuhusu programu, mimi natumia Open Camera, ya bure na haina matangazo. Ina sehemu ya kugonga tarehe, saa na mahali, na unaweza kuongeza maneno yako. Ila kwangu muhuri ni wa kumsaidia msomaji asihangaike, si ushahidi. Saa ya simu anaweza kuibadilisha hata mtoto wa darasa la nne, na mahali pa uongo pana app zake. Kinachobeba picha ni vitu vinavyokubaliana bila kupangwa: EXIF, hati ya mzigo, daftari, na kilichomo ndani ya picha yenyewe. Ile picha ya nondo, uliweka futi juu yake? Futi ilazwe kwenye ringi sifuri ikisomeka, kikaratasi chenye tarehe na jina la hatua pembeni, halafu piga moja ya mbali inayoonyesha kitu kisichohama, mwembe au paa la darasa la zamani. Nondo zikishafunikwa hakuna picha ya pili.

Nyuki_Sikonge

Dada Mpimaji kamaliza. Naongeza la upande wangu tu. Kikundi chetu cha ufugaji nyuki tulikuwa tunapiga picha za mizinga na mahali pake kwa ajili ya mnunuzi anayetaka kujua asali inatoka msitu gani. Vijana wakawa wanazirusha mtandaoni kwa kujivunia. Mitandao mingi inafuta EXIF, kweli, lakini muhuri uliogongwa juu ya picha haufutiki, na namba zote za mahali zinasomeka. Wezi wa asali nao wana simu. Siku hizi picha ya mnunuzi ina muhuri, ya Facebook haina.

Na kwa kuwa yako ni shule, sura za watoto zisiingie. Kuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022.

Fundi_Kibirizi

Dada, Mungu akuzidishie. Nimekaa na kijana wa stationery hapa Mwanga, tumeifungua. Toroli: saa ya simu 09:40, tofauti +02:00, GPS 07:40 na ile Z. Nondo: 10:15, +03:00, GPS 07:14. Hapo pamepungua dakika moja, ni kosa?

Futi ilikuwepo, nashukuru fundi wangu wa nondo ni mbishi, haanzi kazi bila futi. Lakini picha za kupokea mifuko ya saruji zilipigwa na mtunza stoo, akanitumia WhatsApp, na simu yake imeshaibwa sokoni. Hizo hazina kitu ndani.

Mpimaji_wa_Tabora

Dakika moja si kosa. Simu huandika mara ya mwisho ilipopata uhakika wa mahali. Ikipishana nusu saa ndiyo uanze kutilia shaka, maana hata mahali panaweza kuwa pa ulipotoka. Ukishuka kwenye boti simama pa wazi kidogo kabla hujapiga, na kama huna bando inaweza kuchukua dakika kadhaa. Chini ya bati usitegemee sana.

Picha za mtunza stoo zitumie hivyohivyo na useme wazi zilipitia WhatsApp na simu asilia haipo. Usizigonge muhuri sasa hivi! Ukizigonga leo umetengeneza kitu kipya, na mkaguzi mwenye macho atakiona. Hati ya nahodha inatosha kusimama badala yake.

Barua yako iwe ukurasa mmoja. Jedwali la picha mbili: saa ya simu, tofauti, saa ya GPS, saa ya Tanzania. Ambatisha faili asilia kwenye flashi na nakala ya ukurasa wa daftari. Andika nani alipiga, kwa simu gani, na faili zimekaa wapi tangu siku ile. Hata mahakamani, kifungu cha 18 cha Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015 kinaangalia hayohayo: taarifa ilitengenezwaje, ilitunzwaje, uzima wake ulilindwaje, na aliyeitengeneza anatambulikaje.

Kwenye simu, zima saa ya kujipanga, chagua mwenyewe saa ya Dar es Salaam, halafu kwenye mitandao chagua mtandao wako kwa mkono kabla boti haijapita Gombe. Utakosa mawasiliano baadhi ya sehemu, vumilia.

Ujiji_Moja

Kumbe ndiyo maana saa yangu ya kuamka huwa inachelewa nikilala Manyovu, pale mpakani na Burundi. Mimi nilikuwa namlaumu mchina.