Pam Grier: walimtumia, au na yeye aliwatumia?

Dada wa Magomeni:
Wakuu, habari za jioni. Juzi nimeangalia tena filamu ya Coffy ya 1973 na mdogo wangu wa chuo. Nguo zilipoanza kuvuliwa nikashika rimoti nikapeleka mbele. Akaniuliza, "Dada, hivi huyu walimlipa ngapi?" Sikuwa na jibu, ndiyo maana nimeileta hapa.

Kwa wasiomjua: Pam Grier ni mwigizaji Mweusi wa Marekani, mzaliwa wa North Carolina, 1949. Alikuwa mpokea simu kwenye ofisi za American International Pictures, kampuni ya filamu za bei chee. Mwaka 1971 dairekta Jack Hill akampeleka Ufilipino kucheza The Big Doll House, ya wanawake waliofungwa gerezani. Filamu za namna hiyo tunazijua: bajeti kiduchu, bango kubwa, na kila baada ya muda kidogo mtu yuko bafuni. Kisha kampuni ikapokonywa Cleopatra Jones na Warner Bros., ikamkimbilia Hill awatengenezee haraka mwanamke wao wa kulipiza kisasi. Ndiyo Coffy hiyo.

Msimamo wangu: walimtumia, sikatai. Ila muuguzi Mweusi ambaye mdogo wake kaharibiwa na heroini, anawafuata wauzaji mmoja mmoja na filamu nzima kaibeba yeye, Hollywood ilikuwa haijazoea kumwonyesha. Kuna pale anaficha nyembe ndani ya afro. Mwenzake anamkamata nywele, mkono unatoka unachuruzika damu. Mdogo wangu aliruka kwenye kochi.

Mwalimu wa Zamu:
Dada, nyembe nazikubali. Lakini umejiuliza kwa nini akitaka kumfikia adui lazima kwanza ajifanye kahaba? Foxy Brown (1974), mchezo uleule, tena humo anabakwa na kudungwa unga ndipo aruhusiwe kukasirika. Kaandika Hill, kaongoza Hill, na kampuni ikavuna. Wala usidhani ni wivu wa Wazungu: neno blaksploitesheni, yaani kumnyonya Mweusi kwa kumuuzia sura yake mwenyewe, lilianzishwa mwaka 1972 na Junius Griffin, mkuu wa tawi la Hollywood la NAACP, chama cha kutetea haki za Weusi Marekani. Vyama vingine vya haki za Weusi, CORE na SCLC, navyo vikaungana kupinga. Hao wote ni watu waliotoka kwenye kupigania haki za kiraia.

Dada wa Magomeni:
Mwalimu, Griffin alikuwa na hoja, hakuna mtu anayetaka mwanawe ajione kwenye sura ya dalali wa unga tu. Swali langu: filamu zile zilipokauka baada ya 1975, hao wenye heshima walimpa nini? Mwaka 1981 yumo kwenye Fort Apache, the Bronx, staa ni Paul Newman. Yeye kacheza nani? Kahaba mla unga anayeua polisi! Kwenye zile za bei chee angalau mwisho wa filamu bunduki anayo yeye. Coffy anamaliza kwa kumfyatulia mpenzi wake mwenyewe, mwanasiasa aliyewauza watu wake. (Wapo wanasiasa ningewaonyesha kipande hicho.)

Mzee Kanda:
Sisi wa enzi za deki tuliona afro na bunduki, basi. Ila mmesahau Jackie Brown, filamu ya 1997, Pam ndiye staa. Kwenye riwaya ya Elmore Leonard ilikotoka, huyo mhusika mkuu, mhudumu wa ndege, ni Mzungu. Dairekta Tarantino kambadilisha kwa ajili ya Pam. Bila Foxy Brown, ile kazi asingeipata.

Mwalimu wa Zamu:
Shikamoo mzee. Hapo umenipa silaha. Kutoka filamu yake Friday Foster ya 1975 hadi hiyo Jackie Brown ni miaka 22. Na Oscar ikamteua nani? Robert Forster, mwanaume aliyecheza naye. Ila niseme ukweli unaoniuma: Agosti 1975 jarida la Ms., la watetezi wa wanawake, lilimweka kwenye jalada. Kwa hiyo hata wakati ule hawakuwa wakiona kitu kimoja.

Mzee Kanda:
Marahaba. Ndiyo hiyo.

Dada wa Magomeni:
Jibu la mshahara bado nalidaiwa nyumbani. Jumamosi mdogo wangu anataka tuangalie Foxy Brown. Kashasema rimoti ataishika yeye.