Mume wangu anataka binti yetu aitwe Laskarina, hili jina lina maana gani hasa?

mama_kijacho
Habarini wapendwa. Naomba msaada kwa wanaojua mambo ya Ugiriki na majina yao maana hapa nyumbani tumekwama. Mume wangu ni Mgiriki, asili yao ni kisiwa cha Spetses ila sasa tunaishi Piraeus, na Mungu akipenda tunatarajia mtoto wa kike hivi karibuni. Sasa kwa wenzetu huku binti wa kwanza mara nyingi anachukua jina la bibi mzaa baba, na mama mkwe wangu anaitwa Laskarina. Yeye mwenyewe mama wa watu hajaniambia lolote, hajanisukuma hata siku moja, ila mwanawe ndo kashikilia hataki kusikia jina lingine.

Mimi silichukii jina, tena masikioni linanikaa vizuri kabisa. Kinachonisumbua ni kwamba nikilitaja kwa Wagiriki wenzake wote wananijibu "aah, Bouboulina!", yule shujaa wao wa kike wa mapinduzi ya 1821 dhidi ya Waosmani, halafu wanaishia hapo, hakuna anayenieleza linatoka wapi, na wengine wanasema hawajawahi kukutana na mtu mzima mzima mwenye hilo jina, wamelisoma shuleni tu. Kuna shangazi yake mmoja akaniambia maana yake ni mwanajeshi. Sasa jamani mtoto wa kike mchanga umuite mwanajeshi? Na tena nasikia halina mtakatifu kanisani, na hawa ni Waorthodoksi wa kweli kweli, siku ya jina kwao ni kubwa kuliko ya kuzaliwa. Nataka nijue nampa mwanangu kitu gani kabla sijakubali. Anayejua aniambie bila kunificha.

Mpenda_Nasaba
Hongera sana dada na Mungu akufikishe salama. Umeuliza swali zuri maana hilo jina lina safari ndefu kuliko hao wanaokuambia "Bouboulina" wanavyodhani.

Kwanza elewa kwamba mwanzoni halikuwa jina la mtu, lilikuwa la ukoo. Laskaris ni ukoo mkubwa wa Bizanti, ile dola ya zamani ya Wagiriki, na kwa desturi yao mwanamke wa ukoo huo jina lilibadilika mwisho likawa Laskarina, kama vile hata leo utaona kwa Wagiriki mume ni Papadopoulos na dada yake ni Papadopoulou. Ukoo wenyewe ulipanda juu wakati mbaya sana. Mwaka 1204 wapiganaji wa Vita vya Msalaba kutoka magharibi waliuteka mji wa Konstantinopoli, Istanbul ya leo, wakaupora, na Theodore Laskaris akakimbilia ng'ambo ya pili upande wa Asia akajenga dola mpya pale Nicaea, mji ambao leo uko Uturuki na unaitwa İznik. Kwa zaidi ya miaka 50 hiyo Nicaea ndo iliyobeba matumaini ya Wagiriki wengi mpaka walipourudisha mji wao mwaka 1261. Kwa hiyo mtu akisikia Laskaris, Mgiriki anayejua historia yake anakumbuka watu waliopoteza kila kitu wakakataa kufa.

Na mwisho wao uliumiza. Mji ulipokombolewa, Michael Palaiologos aliyekuwa akimsimamia mfalme mtoto, John wa nne Laskaris, alimpofusha macho yule mtoto siku ya Krismasi ya mwaka huohuo, siku ambayo mtoto alikuwa anatimiza miaka 11, ili asije kudai kiti. Utawala wa Walaskaris ukaishia pale ila jina likaendelea kutembea. Mwanazuoni Constantine Lascaris aliandika kitabu cha sarufi ya Kigiriki kilichochapwa Milan mwaka 1476, na ndicho kitabu cha kwanza kabisa kuchapwa chote kwa Kigiriki. Mimi hapo huwa nafurahi sana, ukoo ulionyang'anywa ufalme jina lake likaishia kwenye kitabu cha kwanza.

Sasa hiyo "mwanajeshi". Shangazi hakukudanganya. Maelezo yanayokubalika na wengi ni kwamba Laskaris limetoka kwenye neno la Kiajemi lashkar, yaani jeshi. Na sisi tunaongea Kiswahili hatuna haja ya kulishangaa, maana neno letu askari tumelipata kwa Waarabu, na Waarabu inaaminika walilichukua kwenye lashkar hiyohiyo. Yaani mama mkwe wako ana jina ambalo ni ndugu wa neno tunalolitamka kila siku.

pwani_hadi_pwani
Mpenda_Nasaba umenifungua macho, sikuwahi kulifikiria hilo la askari.

Ila mi nataka dada ajue na wanawake wenyewe walioitwa hivyo maana naona tunaongea wafalme tu. Kuna Irene Laskarina, binti wa yule Theodore wa kwanza, ndo aliyekuwa malkia wa Nicaea, mume wake John Vatatzes. Huyu mume alikuwa mtawala anayependa kilimo na mifugo kweli, akafuga kuku mashamba ya serikali mpaka mayai yakauzwa pesa nyingi, na kwa pesa ya mayai akamnunulia mkewe taji la lulu na vito, likaitwa taji la mayai. Hebu fikiria malkia anavaa taji na kila mtu anajua limetokana na jasho na mabanda ya kuku siyo kodi za wananchi, mi naona lina heshima kuliko taji lolote la dhahabu ya kuporwa. Huyu mama alipomzaa mtoto wake Theodore akaja kuanguka kwenye farasi akaumia hakupata mtoto mwingine tena, mwishoni akaingia utawa.

Halafu mdogo wake Maria Laskarina aliolewa Hungaria na mfalme Béla wa nne. Wamongolia walipoivamia Hungaria mwaka 1241 familia ikakimbilia pwani ya Dalmatia, na wakiwa kwenye ngome ya Klis wakapata binti, Margaret, waliyekuwa wameahidi kumtoa kwa Mungu kama nchi itapona. Margaret leo ni mtakatifu wa Kanisa Katoliki. Dada yake Kinga aliyeolewa Poland naye ni mtakatifu, ndo yule wa hadithi ya pete iliyopatikana ndani ya chumvi kule Wieliczka. Kwa hiyo dada wanaosema jina halina utakatifu waambie mama mmoja Laskarina amezaa watakatifu.

nahodha_wa_jioni
Niongezee kwa Bouboulina maana huyo ndo sababu jina bado lipo hai mpaka leo, na mama_kijacho kwa vile mumeo ni wa Spetses huwezi kumkwepa.

Alizaliwa gerezani, Konstantinopoli, mwaka 1771. Baba yake nahodha alifungwa na Waosmani kwa sababu ya uasi wa 1770, mama yake mjamzito akaenda kumtembelea mumewe na uchungu ukamkuta hukohuko. Simulizi ya familia inasema aliyembatiza alikuwa mpiganaji wa Mani, kusini mwa Ugiriki, mmoja wa ukoo wa Mourtzinos, na ndiye aliyempa jina Laskarina. Ona basi, mtoto yuko ndani ya kuta za gereza katika mji uleule ambao Walaskaris waliusotea miaka yote ile, halafu anapewa jina lao. Mimi siamini ilitokea tu, mtu aliyempa jina alijua anachofanya.

Bouboulina siyo jina lake la kuzaliwa, ni la mume wake wa pili, Bouboulis, yaani mke wa Bouboulis. Waume wote wawili walikuwa manahodha na wote waliuawa baharini wakipigana na maharamia, wa pili mwaka 1811. Mjane, watoto, meli mkononi, mwingine angeuza akakaa kimya. Yeye akaunda meli ya vita, Agamemnon, mizinga 18, ikakamilika 1820, akapandisha bendera yake Spetses Machi 1821 na kwenda kuizingira Nafplio, ngome ya Waosmani, kwa bahari. Septemba mwaka huo Tripolitsa, mji wa Waosmani, ilipoanguka mikononi mwa Wagiriki na mauaji ya kutisha yakafanyika humo, yeye ndo anakumbukwa kuwaokoa wanawake wa nyumba ya Hurshid Pasha, gavana wa Waosmani, wasichinjwe. Kwangu hilo lina uzito kuliko mizinga. Mali yake yote ikaishia vitani na mwaka 1825 akapigwa risasi kisiwani kwake mwenyewe kwenye ugomvi wa kifamilia, mwanawe alikuwa ametoroka na binti wa ukoo mwingine.

Ukienda Spetses ingia nyumba yake, sasa ni makumbusho. Kile chumba kikubwa kina dari ya mbao imechongwa kwa mtindo wa Florence, ukiinua shingo hutamani kuishusha. Na kama mama mkwe katunza pesa za zamani muombe akuonyeshe ile noti ya drakma 50 ya mwaka 1978, mbele kuna Poseidon na nyuma ni yeye Laskarina mwenyewe yuko vitani. Sarafu ya drakma 1 ya mwaka 1988 pia ina sura yake.

Neema_wa_Patra
Dada mimi naishi huku na nimezaa huku, mume wangu ni wa hapa, kwa hiyo nikwambie ya vitendo.

Kuandikisha jina na ubatizo ni vitu viwili. Kisheria jina la mtoto mnalitoa ninyi wazazi kwa msajili wa vizazi, siyo padri. Watu wengi bado wanasubiri ubatizo ndo jina litamkwe, na mpaka siku hiyo mtoto anaitwa beba tu, hilo lisikushangaze hata mama mkwe akikataa kulitaja kabla. La kanisani ni kwamba majina yasiyo na mtakatifu wake huwa yanasherehekewa Jumapili ya Watakatifu Wote, ile ya kwanza baada ya Pentekoste, kwa hiyo hatakosa siku. Na kuna njia nyingine inayotumika sana, mtoto anabatizwa majina mawili, moja la bibi na moja la mtakatifu. Padri wengi ndo wanapenda hivyo.

Ila niseme na upande wa pili kwa sababu umesema tusikufiche. Jina hili ni zito. Kila tarehe 25 Machi shule zote zinasherehekea mapinduzi ya 1821, watoto wanavaa fustanela na mavazi ya mashujaa wanaigiza, na binti anayeitwa Laskarina ujue kila mwaka mwalimu atamwangalia yeye kwanza kwenye nafasi ya Bouboulina, hata kama mtoto ni mwenye haya anataka kukaa nyuma kwenye kwaya. Nimeona mtoto wa jirani mwenye jina la shujaa mwingine akilia kwa hilo. Halimaanishi usimpe, linamaanisha uwe na jina la nyumbani la kumpumzisha. Kwa Laskarina Rina linatosha kabisa.

Mpenda_Nasaba
Neema umesema vizuri. Na kwenye majina mawili, mama_kijacho, kuna moja limekaa kama limeandaliwa: Irini. Ndo lile Irene la malkia wa taji la mayai, kwa Kigiriki cha leo wanasema Irini, maana yake amani, na mtakatifu wake yupo, tarehe 5 Mei. Irini Laskarina. Amani na askari kwenye mtoto mmoja, na siyo la kubuni, lilishabebwa na malkia miaka mia nane iliyopita.

mama_kijacho
Jamani nimesoma yote mara mbili nikamtafsiria mume wangu mezani, hiyo ya taji la mayai hakuwa anaijua kabisa na amezaliwa hukuhuku. Ya Tripolitsa ndo imenigusa mimi, kwamba mtu yuko vitani ana kila sababu ya kulipiza na bado anasimama mlangoni kuwalinda wanawake wa adui. Hapo nimeacha kuliogopa neno mwanajeshi.

Irini Laskarina tumelipenda wote. Mama mkwe nilimpigia nikamwambia, akanyamaza kidogo kwenye simu halafu akauliza kama nimekula. Namfahamu, hiyo ndo ndiyo yake.

Swali la mwisho kwa Neema, kwenye pasipoti ya Kigiriki wataandika kwa k au kwa c? Maana ndugu zangu wengine wanaliona kwenye intaneti limeandikwa Lascarina.

Neema_wa_Patra
Kwa k dada. Herufi za Kigiriki kwenye pasipoti zinageuzwa za Kilatini kwa kanuni ya ELOT 743, na kappa kwao ni k, kwa hiyo itatoka LASKARINA. Hiyo ya c ni ya Kitaliano na Kilatini, ndo maana hata yule mwanazuoni wa Milan anaandikwa Lascaris. Na matamshi usihangaike, mkazo uko kwenye "ri", palepale ambapo Kiswahili kingeuweka, ndugu zako watalitamka sawasawa na Wagiriki bila kufundishwa. Mkienda kwa msajili nendeni wote wawili, tamko la jina wanataka la baba na mama.