Tumelipa kiingilio, bwana yangu akageuzwa mtoto wangu mbele ya ukumbi mzima (Lubumbashi)

Nina hasira na sitaificha. Jumamosi nilikwenda na bwana yangu kutazama mchezo wa kuchekesha katika ukumbi mmoja hapa mjini. Mimi nina miaka 51, yeye 37. Jamaa yake walileta mahari kwetu Katuba, wakala bukari (ugali) na kuku, na komini, ofisi ya serikali ya mtaa, tumeandikishwa. Hatujifichi.

Mchezo ni wa mjane anayependwa na kijana. Anayeigiza mjane ni mwanaume, amefungwa mto mgongoni na sufu nyeupe kichwani. Kila akifungua mdomo, jino linaanguka. Kijana anamlisha uji kwa mkono mmoja, na mkono wa pili unafungua fundo la kitenge kutafuta franka. Basi, ni hayo tu, saa nzima. Huyo mjane kakosa nini? Hakumdanganya mtu, hakumfungia mtu ndani. Kosa lake ni miaka.

Halafu mwenye maiki akashuka kati ya viti, akasimama kwetu: "Mama, uyu njo mutoto yako, ao njo bwana yako?"

Watu walicheka mpaka viti vikalia. Nilikuwa nimemshika bwana yangu mkono tangu mwanzo. Akautoa. Aliutoa polepole, kidole kimoja kimoja, akauweka juu ya goti lake. Huyu ndiye mwanaume anayenishika mkono soko la Kenya, mtaa wa hapa Lubumbashi, mchana kweupe, mbele ya wauza mboga wote wanaonijua! Kurudi nyumbani, katika basi, akaenda kukaa mbele na dereva. Miaka tisa hajawahi kukaa mbele.

Na sehemu ya pili ndiyo iliyonimaliza. Mzee wa suti na ndevu nyeupe anamposa msichana aliyevaa shati jeupe na sketi ya bluu. Sare ya shule, jamani! Mzee anapigiwa makofi. Anayechekwa ni msichana, eti hajui kusonga bukari. Sheria ya familia ya 1987 ilimruhusu msichana kuolewa na miaka 15; ilirekebishwa Julai 2016, sasa ni 18 kwa wote, msichana na mvulana. Yaani mimi na mume wangu wa halali ni kichekesho, na mzee anayechukua mwanafunzi ni shujaa?

Msiniambie sielewi michezo. Sekondari tulisomeshwa Molière, Mfaransa mwandishi wa michezo ya kuchekesha. Katika mchezo wake wa 1662, Arnolphe anamlea Agnès tangu utotoni, anamnyima elimu makusudi ili aje kumwoa. Mwisho binti anampata kijana aliyempenda, na kicheko chote kinamwangukia Arnolphe. Na hapa kwetu mchekeshaji Mufwankolo na kundi lake la maigizo, kwa Kiswahili hikihiki cha Lubumbashi, walijua kuwacheka wenye nguvu. Hawa wa Jumamosi wanamcheka nani? Mjane na mtoto wa shule.

Na kama walitaka kucheka ndoa kama yetu, vitu vipo! Mama mkwe wangu ananizidi miaka minne tu. Tulipokutana mara ya kwanza sote wawili tulipiga magoti kwa wakati mmoja, hakuna aliyetaka kuinuka kwanza. Mpaka leo ananiita mama, nami namwita mama. Wangekuja kuuliza ningewapa hayo bure, na ningecheka kuliko wote. Lakini hawakuuliza. Walikwenda kununua sufu na mto.

Sitaki pesa zangu. Nataka msichana wa shule aondolewe, ao mzee ndiye achekwe. Na nataka yule mwenye maiki arudi mbele ya watu, na maiki ileile, amwombe bwana yangu radhi kwa sauti ileile aliyomtukana nayo. Tiketi zetu mbili ninazo bado. Wakicheza tena nitakuja nazo, nitakaa kiti kilekile, nimngoje ashuke.